Kufuli Lililovunjwa

Jumapili moja hapa Dodoma, upepo ukivumisha vumbi dirishani, nilimkuta mwanangu ameinamia kompyuta anaongoza majeshi.

"Wewe ni nani katika vita hivyo?" nikamwuliza.

"Mimi ni Francisco de Almeida, baba."

Mchezo wenyewe ni Age of Empires II, uliotolewa mwaka 1999. Mchezaji hukusanya chakula, mbao, mawe na dhahabu, akajenga mji na kupigana, wala hangojei zamu kama katika bao. Nyongeza ya mwaka 2015 ilileta falme za Afrika, na pamoja nazo huyo Almeida, Mreno aliyeipora Kilwa na kuichoma moto Mombasa mwaka 1505.

Nikaanza kumweleza mwanangu ubaya wa kupora. Akasikiliza, kisha akauliza kwa upole: "Na mchezo huu, baba, tuliupata wapi?"

Nilinyamaza. Nilikuwa nimelipa shilingi elfu mbili katika kibanda kimoja mjini, kijana akauingiza katika flashi. Alinieleza kuwa umebanwa: sauti za masimulizi zimeondolewa ili uwe mdogo, na kufuli la watengenezaji limevunjwa. Akaniagiza nizime kinga ya virusi kabla ya kuufungua, nami nikatii. Nilikuwa kama mtu amfungiaye mbwa wake ili mgeni asiyemjua aingie. Juma halikwisha, picha za mwisho za marehemu mama yangu, zilizokuwamo humo, zikawa hazifunguki tena.

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 huzilinda programu za kompyuta kama ilindavyo maandishi. Nami naishi kwa kalamu. Makala yangu yakichapwa kwingine bila jina langu, hupiga kelele. Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu!

Utaniambia, msomaji, kwamba mshahara wa mfanyakazi haumudu michezo ya watoto. Ni kweli. Lakini ipo iliyo halali na ya bure, kama 0 A.D., ambayo watengenezaji wake huigawa bila malipo, na ndani yake umo ufalme wa Kushi.

Jioni ile tuliufuta mchezo wetu wa wizi, mimi na mwanangu. Sasa yeye ni mfalme wa Kushi. Picha za mama hazijarudi.