Nilisingizia Umeme

Nilifuta sevu zote za mpwa wangu kwa mkono wangu mwenyewe, kisha nikamwambia ni umeme. Nalitanguliza hilo kwa sababu najijua. Nikianza na maelezo ya kompyuta nitajificha humo humo, na ya kujifichia yapo mengi.

Gemu lenyewe ni Skyrim. Bethesda walilitoa Novemba 2011, wakalitoa tena Oktoba 2016 likiwa limeboreshwa, na mpaka leo watu hawajalichoka. Sababu kubwa ni modi, yaani vipande ambavyo wachezaji wenyewe huvitengeneza na kuvigawa bure: nyumba mpya, silaha, sura za watu, hali ya hewa, menyu zilizopangwa kwa ajili ya mtu mwenye kibodi na kipanya. Dogo alikuwa kidato cha pili, yuko likizo ya Desemba, ana kompyuta mpakato ya mtumba ambayo betri yake ilishakufa. Ukichomoa waya tu, kwisha habari. Modi alikuwa akizitupa kwa mkono ndani ya folda ya gemu, ile inayoitwa Data. Tatizo la njia hiyo ni kwamba modi mbili zikiwa na faili la jina moja, ya pili inaifuta ya kwanza, na hakuna pa kurudi. Gemu lake likawa linaanguka kila akikaribia mji wa Whiterun. Nikaitwa. Kwenye ukoo wetu mimi ndiye fundi wa mambo hayo, cheo ambacho sikupewa na mtu.

"Shikamoo anko, limegoma tena."

Nilisafisha Data, nikamwekea Mod Organizer 2. Programu hii haigusi folda ya gemu. Kila modi inakaa kwenye folda yake pembeni, na ukiliwasha gemu kupitia humo, linaonyeshwa folda ya kufikirika ambamo modi zote zimeshapangwa juu ya mafaili ya asili. Ukilizima, folda ile inayeyuka. Ni kama kitambaa cha plastiki juu ya meza ya sebuleni: chai imwagike, futa, mbao chini ni kavu. Kushoto kuna orodha ya modi, na iliyo chini ndiyo inayoshinda pale mafaili yanapogongana. Kulia kuna plagini, zinazoliambia gemu kuna kitu gani kipya, na zile za kawaida haziruhusiwi kuzidi 254. Ukilifungua gemu moja kwa moja bila kupitia Mod Organizer, hukuti modi hata moja, na wageni wengi hudhani kila kitu kimepotea.

Mwanzilishi wa programu hii, anayejulikana kwa jina la Tannin, baadaye alikwenda kutengeneza nyingine, Vortex, kwa ajili ya Nexus Mods, na wenzake wakaipokea Mod Organizer wakaiendeleza. Vortex nayo inafanya kazi vizuri tu, ila yenyewe huweka viungo vya mafaili ndani ya Data. Mimi nilipenda kusema mbele za watu kwamba sigusi Data. Nililisema hilo kwa sauti ya mtu aliyehiji.

Na hapo ndipo kosa lilipoanzia, kwenye ile imani. Nilichukulia kwamba kwa kuwa folda ya gemu iko salama, basi hakuna ninachoweza kukifanya ndani ya programu hii kikaleta hasara. Ongeza, ondoa, weka tiki, toa tiki, futa. Kumbe inachokilinda ni gemu. Mtoto hapotezi likizo nzima kwenye gemu; anaipoteza kwenye sevu, yaani mafaili yanayohifadhi mahali alipofikia, na sevu ni kitu kingine kabisa.

Mod Organizer ina profaili. Unaweza kuwa na kadhaa, kila moja na modi zake zilizowashwa na mpangilio wake. Ukiifungua folda ya profaili utakuta mafaili madogo ya maandishi: modlist.txt, ambamo kila modi iliyowashwa inaanza na alama ya kujumlisha na iliyozimwa inaanza na ya kutoa, kisha plugins.txt, na mengine ya namna hiyo. Ni orodha tu. Lakini kuna tiki moja ya hiari, kwamba profaili hii itunze sevu zake yenyewe. Ukiitia, ndani ya folda ile ile inazaliwa folda nyingine, saves, na kuanzia hapo kila anachohifadhi mchezaji kinaangukia humo, wala si kwenye Documents ambako watu wamezoea kukitafuta.

Siku ile niliunda profaili mbili. Ya kwanza niliiita Jaribio, nikaitia ile tiki ili fujo zangu zisichafue sevu zake. Ya pili niliiita Kuu, ndiyo niliyokusudia aitumie. Ili kuhakikisha mhusika wake anafunguka bila kuanguka, nilihamishia sevu zake kwenye Jaribio. Zikafunguka. Dogo alirukaruka, akakaa kwenye kiti kabla sijasimama vizuri, akaendelea kucheza pale pale. Mimi nikaitwa kwenye pilau. Sikurudi kumhamishia Kuu, na sikumwonyesha kile kisanduku kidogo kilicho juu ya orodha ya modi kinachotaja jina la profaili iliyo kazini. Likizo nzima alicheza ndani ya Jaribio. Alikuwa na mhusika wa Khajiit, wale watu-paka, amenunua nyumba Whiterun, amemwasili Lucia, yule yatima anayeombaomba pale mjini. Hayo aliniambia mwenyewe kwa simu, kwa kirefu, nami nilikuwa nasikiliza nusu nusu.

Nilikwenda tena kwao wakati wa Pasaka. Diski ilikuwa imejaa, akaniomba nisafishe. Nikafungua Mod Organizer na kwenye kisanduku kile nikaona limeandikwa jina la Jaribio. Hapa sina pa kutokea: jina lilikuwa mbele ya macho yangu, likiniambia ni profaili gani inatumika. Nikadhani dogo ameigusa kwa bahati mbaya. Nikahamia Kuu, nikaona modi ni zile zile, nikaridhika. Kisha nikafungua dirisha la profaili, nikaichagua Jaribio, nikabonyeza kuiondoa. Programu ikauliza kama nina uhakika, na kwenye swali lile lile, ndani ya mabano, ikaongeza kwamba zitaondoka pamoja na sevu za profaili hiyo, kama zipo. Kwenye mabano sikufika. Nikabonyeza ndiyo.

Nilijua nilipowasha gemu kumwonyesha lilivyo jepesi sasa. Kwenye menyu ya mwanzo, neno la kuendelea halikuwepo. Lilibaki la kuanza upya.

Wakati ule dogo alikuwa ametumwa dukani. Niliangalia kapu la taka, tupu. Nikaangalia Documents, tupu. Diski yake ilikuwa ya zamani, ya kuzunguka, na mafaili yaliyofutwa kwenye diski ya aina hiyo mara nyingi yanafufulika, mradi usiandike kitu kipya juu yake. Nililijua hilo. Nilichotakiwa kufanya ni kuizima ile kompyuta, kuichukua na kwenda nayo kwa mtu mwenye programu ya kufufua mafaili. Lakini kuichukua kulihitaji maelezo, na maelezo yangenitoa kwenye ufundi wangu. Kwa hiyo muda ule, ambao ndio pekee uliokuwa na faida, niliutumia kutunga uongo. Mpaka leo hili ndilo linaloniuma zaidi kuliko kubonyeza kwenyewe. Kubonyeza kulikuwa uzembe, kila mtu ana wa kwake. Yaliyofuata niliyapanga.

"Umeme ulikatika gemu likiwa linahifadhi," nikamwambia. "Sevu zimeharibika."

"Zote?"

"Zote."

Uongo wenyewe ulikuwa mbovu hata kiufundi. Kompyuta ikizimika ghafla inaweza kuharibu sevu moja, ile inayoandikwa muda ule. Haiwezi kufagia folda nzima ya mafaili ambayo hakuna aliyeyagusa. Ila mtoto wa umri wake hakulijua hilo, na mimi nilikuwa nategemea asilijue. Aliuliza tu, "Na Lucia?" Jioni hiyo hiyo akaanza kupakua upya vitu alivyoona vimepungua, mafaili makubwa, juu ya mahali ambapo sevu zake pengine zilikuwa bado zimelala. Nilimtazama akifanya hivyo.

Dada aliposikia, alikuwa na jibu tayari. Alishamwambia mara nyingi kuhusu kucheza kompyuta isiyo na betri wakati umeme unakatikakatika, na sasa ameona matokeo. Kompyuta ikafungiwa kabatini muhula mzima. Nilikuwa nimekaa kwenye kochi lile lile, nikachangia kwa kutikisa kichwa.

Mwaka huu dogo amejifunza kuliko nilivyomfundisha. Anawafungia wenzake wa shule modi, na anawahimiza waweke nakala za sevu kwenye flashi kabla hajagusa kitu. Juzi alinipigia akiwa kwa rafiki yake: "Anko, hivi ukifuta profaili, na sevu zinaondoka?" Aliuliza kwa nia njema, alitaka kujua tu. Nilimjibu kwamba zinaondoka, kama ile tiki imewekwa. Nikashindwa kuishia hapo, nikamweleza yote, mpaka lile la diski.

Nilitegemea aulize habari za Khajiit wake. Hakuuliza. "Kwa hiyo mama alinifungia bure," alisema. "Mpigie umwambie."

Nikampigia. Dada hajui profaili ni nini wala hana mpango wa kujua. Aliniacha nijieleze mpaka nilipochoka, akauliza kama vinaweza kurudi. Nikamwambia haviwezi, muda umepita.

"Basi mnunulie betri."

Nilianza kumweleza kwamba betri haikuhusika, kwamba hilo ndilo hasa nililokuwa najaribu kumwambia.

"Nimekusikia," akasema. "Mnunulie betri."