Mlango wa Shule
Elimu, msomaji, ni mali isiyoibika. Lakini mlango wake waweza kufungwa. Katika mji wa Hamburg, Ujerumani, Wayahudi walianzisha shule ya Talmud Tora mwaka 1805, kwa ajili ya wana wa maskini. Mwaka 1911 ilihamia jengo jipya katika mtaa wa Grindelhof. Mwaka 1938 Wanazi waliwakataza watoto wa Kiyahudi shule za serikali. Shule zao wenyewe zikawa kimbilio. Mwaka 1942 hata hizo zilifungwa, na Joseph Carlebach, aliyepata kuwa mwalimu mkuu wa Talmud Tora, aliuawa karibu na Riga. Mwaka 2007 shule ya Kiyahudi ilifunguliwa tena katika jengo lile lile, nayo ikapewa jina lake. Basi usilidharau dawati lako. Wako walionyang'anywa lao.