Nilivyoharibu Maiti wa Quake

Niseme wazi: niliiharibu Quake, kisha nikaisingizia gemu yenyewe.

Quake ilitoka mwaka 1996, kazi ya id Software ya Texas. Mwishoni mwa 1999 msimbo wake ukaachiwa huru, kila mwenye ujuzi auchezee apendavyo. Mimi nikakuna pasipowasha. Adui wa Quake akifa huanguka vile vile alivyochorewa, fremu 10 kwa sekunde, basi. Nilipocheza Half-Life 2 ya 2004, ambamo maiti huporomoka ngazini viungo vikilegea, nikaviona vifo vile vya zamani kuwa aibu. Nikataka na miili ya Quake ilegee kama wanasesere wa matambara.

Ujuaji ukaniponza. Adui wa Quake hana mifupa. Ni nukta tu zilizopangiwa mahali pake katika kila fremu. Nikambandikia mifupa ya kubuni. Ramani nazo hupima migongano kwa saizi tatu zilizokokotolewa mapema: nukta, kisanduku cha mtu na kisanduku cha dubwana. Mkono haumo. Nikaupimia kwa nukta, viganja vikazama ukutani, magoti yakatetemeka sakafuni bila kutulia. Wenzangu nikawaambia injini ya gemu imezeeka. Uongo mtupu. Injini ilikuwa inafanya kazi iliyoundiwa.

Lakini aliyenivua nguo ni mdogo wangu. Alimpiga askari, mwili ukawa unapapatika, naye akaendelea kuumiminia risasi. “Kaka, huyu amekufa au bado?” Sikuwa na jibu. Ule mwanguko mfupi wa zamani, niliouita wa kizembe, ndio uliokuwa ukimwambia mchezaji: huyu kwisha, geukia mwingine.

Kwa zombi ndipo nilipochafua kabisa. Zombi wa Quake ukimpiga risasi hulala kidogo kisha huinuka. Dawa yake ni bomu la kumtawanya vipande. Sasa mwili unabingirika hadi chini ya ngazi, mdogo wangu anaulenga pale akisubiri uamke, kumbe zombi anachomoza juu, pale pale alipopigiwa, maana msimbo haukujua kwamba mwili umehama. Ile si hofu ya mchezo, ni dhuluma kwa mchezaji. Kijana akaweka kipanya chini, akaenda zake.

Nakala yangu nimeifuta. Ukiikuta kwa rafiki, usiihukumu Quake kwayo. Tafuta ile ya 1996.