Sakafu ya Mjomba

Kwetu Mgeta, juu kabisa kwenye milima ya Uluguru, sakafu ya nyumba yetu ilikuwa udongo. Mama aliisiriba, akaisawazisha kwa kiganja, ikakauka ikawa ngumu. Kila asubuhi, kabla ya kufagia, tulinyunyiza maji ili vumbi lilale. Asiyenyunyiza alihesabiwa mvivu. Kwa hiyo, ndugu msomaji, nilipofika Mzumbe mwaka 2010 nikiwa darasa la sita, kichwani nilikuwa na elimu moja tu ya usafi wa sakafu: maji kwanza.

Nilishuka kuja kukaa na mjomba. Kwetu sisi Waluguru mjomba si mtu wa kutembelewa sikukuu tu. Mtoto ni wa ukoo wa mama, na kaka wa mama ndiye mwenye sauti. Mama aliponiambia, "Utaenda kwa mjomba wako ukasome," mjadala uliishia hapo.

Mzumbe ni mahali pa kusoma, nani asiyejua? Waingereza walianzisha pale shule ya mambo ya serikali za mitaa mwaka 1953, wakiwafundisha machifu na watumishi wao. Mwaka 1972 kikawa Chuo cha Uongozi wa Maendeleo, na mwaka 2001 kikawa chuo kikuu. Ila mahali pa kusoma pana wanaosoma na wanaowafagilia wanaosoma. Mjomba alikuwa katika kundi la pili. Alifanya kazi kwa mzee mmoja mstaafu, kwenye nyumba ya zamani yenye miembe uani.

Sebule ya nyumba ile ilikuwa na sakafu ya mninga. Vibao vidogo vidogo, vimepangwa mithili ya mkeka, vimegandishwa kwa lami. Sikuwahi kuona kitu kama kile. Siku ya kwanza nilivua ndala mlangoni bila kuambiwa. Mjomba akacheka, akasema, "Umeshafaulu somo la kwanza."

Somo la pili lilihusu mchanga. Mjomba alisema adui wa mbao si uchafu unaouona, ni mchanga. Kila kiatu kinaingia na msasa wake. Kwa hiyo unafagia kwanza kwa ufagio laini, tena kila siku, hata kama unaona pasafi. Miguu ya viti aliivisha vipande vya blanketi kuukuu, akivishonea kama soksi.

Somo la tatu ndilo lililonishinda. "Mti ukikatwa haufi, mjomba," aliniambia, maana naye aliniita mjomba. "Unaendelea kunywa." Masika vibao vile vilinenepa mpaka vikabanana. Kiangazi vilikonda, ukaona nyufa nyembamba katikati yake. Ndiyo maana fundi aliacha uwazi kidogo ukutani kuzunguka chumba chote, ili mbao zipate pa kupumulia. Kwa hiyo kudeki kwa kumwaga ndoo, kama tulivyofanya shuleni kwenye sementi, ilikuwa mwiko. Unalowesha tambara, unalikamua mpaka lisitoe hata tone, unapangusa kwa kufuata nyuzi za mbao, halafu unapitisha jingine kavu.

Mara chache kwa mwaka tulipaka nta. Mjomba aliikata nta ya nyuki vipande, akaiweka kwenye kopo, na kopo akaliweka ndani ya sufuria ya maji ya moto. Ikishayeyuka alilitoa kopo nje kabisa, mbali na jiko, ndipo akamimina tapentaini, kwani tapentaini inadaka moto upesi. Ikipoa inakuwa laini kama samli. Unapaka kiasi kidogo sana, unaiacha ikauke, halafu unakanyaga nusu ya kumbi la nazi na kusugua huku na huku. Mjomba alipiga mluzi wa nyimbo za Mbaraka Mwinshehe, yule wa Morogoro Jazz, akasugua kama yuko dansini. Mimi nilicheka mpaka mbavu ziliuma.

Basi masika ya mwaka uliofuata malaria ikamwangusha mjomba. Mwenye nyumba alikuwa amesafiri. Mjomba akanipa ufunguo: "Fagia tu. Tambara ukiweza." Nikafika. Mvua ilikuwa imeingiza tope jekundu barazani, na mbwa alikuwa amepita sebuleni. Mwenyewe nikajiona mtu mzima. Nikasema leo nitamfurahisha. Nikachota ndoo, nikatia sabuni ya unga, nikamwaga.

Ningefuta papo hapo labda ingepona. Lakini kwenye rafu kulikuwa na vitabu. Nikachukua kimoja cha hadithi, nikakaa kwenye kizingiti huku nikisubiri tope lilainike. Ninyi mnaopenda vitabu mnajua kilichofuata. Niliponyanyua kichwa, jioni ilikuwa imeingia na maji hayakuwepo. Nikafurahi kwamba yamekauka. Hayakukauka, yalikuwa yamenywewa.

Siku mbili baadaye vibao karibu na dirisha vilikuwa vimetuna. Vingine vilikuwa vimebanduka kabisa kutoka kwenye lami. Mwenye nyumba aliporudi alimwita mjomba, na mimi nikiwa nyuma ya mlango nilisikia kila neno.

"Nani kafanya hivi?"

"Ni mimi, mzee. Niliacha maji."

Alikatwa mshahara miezi mitatu. Nilijua kwa sababu miezi ile tulikula ugali na mchicha, na viatu vyangu vya shule vikashonwa mara ya nne. Sikusema kitu. Yeye naye hakusema kitu, wakati alijua fika kwamba siku ile alikuwa kitandani akitetemeka.

Alichofanya ni kunifundisha kutengeneza. Tulibandua vibao vilivyolegea, kila kimoja tukakiandika namba ya chaki kwa chini, tukavipanga kivulini, si juani, maana jua lingevipinda. Tulisubiri wiki kadhaa. Kisha tukakwangua lami ya zamani, tukavirudisha kimoja kimoja mahali pake, tukapiga msasa. Vumbi la mninga linawasha pua. Tulipiga chafya hadi machozi. Vibao viwili vilikuwa vimepasuka, hivyo akachonga vingine. Rangi yake ilikuwa nyeupe kidogo. Kila nilipoingia sebule ile, macho yangu yalikwenda hapo kwanza.

Mwaka jana mjomba alikuja Dar kunitembelea. Nimepanga vyumba viwili, na sakafu yake ni laminati, hizi zilizojaa mjini siku hizi. Alivua viatu mlangoni, akapiga goti, akagonga kwa kidole. Akachungulia ukingo mahali ambapo fundi hakumalizia vizuri.

"Hii si mbao," akasema. "Ni picha ya mbao."

Alikuwa sahihi. Ni unga wa mbao ulioshindiliwa, juu yake karatasi yenye picha, na juu ya karatasi ngozi ngumu ya kiwandani. Ni uvumbuzi wa kampuni ya Perstorp ya Sweden, mwaka 1977. Nikamweleza ninavyoitunza: ufagio laini na tambara lililokamuliwa, kama alivyonifundisha. Ila nta haifai, kwa sababu haina pa kuingia. Inabaki juu, inateleza na kushika uchafu. Msasa ndiyo usiseme, utakwangua picha yote. Na maji yakipenya kwenye maungio, ule unga unavimba na haurudi tena.

Mjomba akatikisa kichwa. "Basi hii haina toba. Ile yetu ilirudi."

Nikaona huu ndio wakati, kama sisemi leo sitasema tena. "Mjomba, yale maji ya siku ile..."

"Najua."

"Nilimwaga mimi. Halafu nikakaa nasoma kitabu."

Alikaa kimya kidogo, bado yupo magotini. Nilidhani atataja mshahara, au mchicha, au viatu.

"Kitabu gani?" akauliza.

Nilifungua mdomo, nikakosa jibu. Nilikumbuka rafu ile na kizingiti na jioni ilivyoingia, lakini jina la kitabu lilikuwa limetoka kabisa. Miezi mitatu ya jasho la mtu, na mimi sikukumbuka hata jina.

"Ukilikumbuka utaniambia," mjomba akasema, akanyanyuka kwa kushikilia bega langu, maana magoti yake si mazima tena.

Sijalikumbuka mpaka leo. Kila ninapokaa kuandika, swali lake linakuwa pembeni, na sebule ile ninaiona yote, pamoja na vile vibao viwili vyeupe karibu na dirisha.