Kuiga si Aibu

Watu husema kwamba mwenye kuiga hana chake. Neno hili nimelitafakari sana tangu niliposikia santuri za bendi moja ya Japani iliyoitwa Thee Michelle Gun Elephant.

Bendi hiyo ilianza mwaka 1991. Wapigaji wake waliojulikana sana walikuwa wanaume wanne waliovaa suti kama makarani: Chiba Yusuke mwimbaji, Abe Futoshi wa gitaa, Ueno Koji wa besi, na Kuhara Kazuyuki wa ngoma. Muziki wao una kishindo kikuu, na mtu akiusikia mara ya kwanza atadhani ni fujo tupu. Lakini na ausikilize tena mkono wa Abe. Apiga nyuzi upesi upesi na kuzikata ghafula, kama mpasua kuni asiyepoteza pigo hata moja. Gitaa lake moja lafanya kazi ya mawili: laongoza wimbo, na papo hapo lashika mwendo pamoja na ngoma.

Je, ufundi huu aliupata kwa nani? Alimfuata Wilko Johnson, Mwingereza wa bendi ya Dr. Feelgood, ambaye hapo kwanza alikuwa mwalimu wa shule kama mimi. Na Johnson naye alimwiga Mick Green, mpiga gitaa wa The Pirates. Hivyo ufundi ulipita mkono kwa mkono, hata ukavuka bahari.

Mimi hufundisha watoto kuandika. Kwanza wote hufuata herufi zangu ubaoni, baada ya miaka, nikiletewa barua isiyo na jina, naweza kusema, "Hii ni ya fulani." Herufi ni zile zile, ila mkono ni wake. Ndivyo walivyofanya Wajapani hawa. Katika santuri yao ya mwaka 1998, Gear Blues, waliutia ufundi ule uzito mkubwa, na Chiba akaimba kwa sauti ya kukwaruza, katika lugha ya kwao.

Waliagana na watu katika ukumbi wa Makuhari Messe, tarehe 11 Oktoba 2003. Abe alikufa mwaka 2009, umri wake miaka 42. Johnson aliyemfuata akaishi hata mwaka 2022. Chiba naye alifariki mwaka 2023. Santuri zao zipo, na kijana atakaye kujifunza mkono ule aweza kujifunza.

Basi, mtoto akikuiga, usimcheke. Mngoje uone atatia nini chake.