Kwa Baiskeli Kutoka Tandale Hadi Temeke

Wahenga walisema tembea uone. Mimi nimeishi Dar es Salaam zaidi ya miaka 20. Nimetembea kwa miguu na kwa daladala, nikidhani nimeona. Kumbe nilikuwa nikipita tu. Jumamosi moja ya mwezi Agosti mwaka jana nilipanda baiskeli, na siku hiyo moja ilinionyesha jambo nililolipita kwa miaka mingi.

Ilianza hivi. Usharika wetu ulipata wageni wanne, akina mama kutoka usharika rafiki wa Ujerumani. Kamati yetu ilikuwa imepanga kuwapeleka ufukweni na Makumbusho ya Taifa. Wageni walishukuru, kisha mmoja akauliza kwa upole, "Na ninyi wenyewe, watu wa Dar es Salaam, mnakula wapi?" Tukatazamana.

Walikuwa wamesikia kwamba hapa mjini wapo vijana wanaowaongoza wageni kwa baiskeli, wakipita mitaani na kula kile wanachokula wenyeji. Ni kweli. AfriRoots ni moja ya kampuni zilizojulikana kwa kazi hiyo. Katika kwaya yetu pia yupo kijana anayeifanya, naye akakubali kutuongoza. Ila kamati ilitaka mama mmoja aandamane na wageni, na kwa kuwa mimi ni muuguzi, macho yote yakanigeukia.

Nitasema ukweli, sikupenda. Kwanza, baiskeli nilijifunza kijijini nikiwa msichana, na tangu niolewe sikuigusa. "Mama mzima juu ya baiskeli, watu watasemaje?" nilimwambia mume wangu. Akacheka, akasema, "Watasema mama yule ana afya njema." Pili, na hili ndilo lilikuwa kubwa, niliona aibu kuwapeleka wageni uswahilini. Nilitaka waone maghorofa yetu, si mitaro yetu.

Hodi kwanza

Tulianzia Mwananyamala saa 12:30 asubuhi, kabla jua halijawa kali. Nilivaa sketi pana na suruali ndani yake. Dakika kumi za kwanza niliyumba kama mtoto, na vijana wa bodaboda wakanishangilia, "Twende mama, twende!" Baadaye miguu ikakumbuka.

Kabla hatujaondoka, kijana wetu alitupa sharti moja. Alisema, "Mama zangu, huku hatupigi picha wala hatuulizi bei kabla ya kushuka na kusalimia. Baiskeli ni ya kutufikisha. Kazi yenyewe inaanza tukishuka." Niliona ni maneno ya kawaida. Sikujua yangenirudia.

Kituo cha kwanza kilikuwa barazani kwa bibi mmoja anayechoma vitumbua. Kijana alishuka, akatoa shikamoo, akaulizia wajukuu, ndipo akatutambulisha. Bibi akawaeleza wageni kazi yake hatua kwa hatua: mchele unalowekwa usiku kucha, unasagwa, unachanganywa na tui la nazi, sukari, hamira na iliki, kisha unaachwa uumuke. Yeye huamka saa 9 usiku. Wakati mimi nakatiza ndoto zangu, mwenzangu amekwisha kuwasha mkaa ili mtoto wa jirani asiende shule na njaa. Nikakumbuka yule mwanamke wa Mithali sura ya 31 anayeamka kungali giza. Nimefundisha sura hiyo mara nyingi katika vipindi vya akina mama, lakini sikuwahi kumwona mwanamke huyo akiwa na mikono yenye unga.

Tandale

Kutoka Mwananyamala kwenda Tandale si mbali. Tandale inajulikana kwa soko lake la nafaka. Asubuhi malori yanashusha magunia ya mahindi, mchele na maharage, na wapagazi wanahitaji kula mapema. Kwa hiyo kando ya soko wapo mama lishe wengi. Kijana wetu alitupeleka kwa mmoja wao kunywa chai, kwa chapati, maharage ya nazi na supu ya utumbo.

Nilipoinama kunawa nilimtazama usoni, nikahisi moyo unaruka.

Mwaka 2015, mwezi Agosti, kipindupindu kilizuka Dar es Salaam, kikianzia Kinondoni, na baadaye kikaenea mikoa mingi ya nchi. Wauguzi tulikuwa hatulali. Siku moja nilitoka na wenzangu kuzunguka mitaani tukizuia chakula kisiuzwe barabarani. Nilikuwa nimetoka kwenye zamu ambayo tulipoteza wagonjwa, na nilikuwa na hasira. Nilimkuta mama akipika maharage. Sikumsalimia. Sikumuuliza maji ameyatoa wapi. Nilimwambia azime moto, na mwenzangu akalimwaga sufuria zima mtaroni, watoto wake wakitazama. Mama yule hakusema neno. Alikunja kanga yake akakaa chini.

Ndiye huyu aliyekuwa akinimiminia maji ya kunawa.

"Karibu, Sista," alisema. Alinitambua. Aliwahudumia wageni kwa furaha, akawafundisha kukata chapati kwa mkono wa kulia na kuchovya mchuzi. Mimi akaniletea kikombe cha chai mwishoni. Alikiweka mbele yangu, akasema kwa sauti ya chini, "Kunywa tu, Sista. Maji yamechemka. Hata siku ile yalikuwa yamechemka."

Nilikunywa. Sikuonja kitu.

Magomeni na Kariakoo

Tukaendelea hadi Magomeni, ilipo nyumba aliyoishi Mwalimu Nyerere katika miaka ya 1950 wakati wa kudai Uhuru, na ambayo imehifadhiwa kuwa makumbusho. Wageni walitegemea kusikia habari za Mwalimu peke yake. Kijana wetu akawaeleza pia habari za Bibi Titi Mohamed, aliyeongoza akina mama wa TANU kuanzia mwaka 1955. Wengi wa wanawake waliomfuata hawakuwa na ofisi wala shule kubwa. Walikuwa wauza maandazi na vitumbua, wapika pombe, waimbaji wa vikundi vya ngoma. Walipita nyumba kwa nyumba wakipiga hodi, wakiuza kadi za chama. Nchi hii ilijengwa pia na akina mama wa jikoni. Nilisimama pale nimeshika usukani wa baiskeli, nikiwaza lile sufuria la maharage.

Tukalivuka bonde la Msimbazi pale Jangwani, ambako mafuriko ya Desemba 2011 yaliwafukuza wengi, baadhi yao wakapewa viwanja Mabwepande. Kisha tukaingia Kariakoo. Jina hilo limetokana na kikosi cha wapagazi wa jeshi la Waingereza, waliopiga kambi pale wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Hapo tulikunywa kahawa chungu kwa kashata, tukisikiliza wazee wakibishana habari za Simba na Yanga. Mgeni mmoja aliuliza kwa nini wanawake ni wachache pale kwenye kahawa. Muuza kahawa akajibu, "Mama, wao wako kazini." Tukacheka wote.

Temeke

Upande wa Temeke tuliingia kwa kupitia Keko, kwa mafundi seremala, penye vitanda na makabati yaliyopangwa hadi kando ya barabara. Tukaupita Uwanja wa Benjamin Mkapa, uliofunguliwa mwaka 2007, ndipo tukaingia mitaa ya ndani ya Temeke.

Hapo tulisimamishwa na ngoma. Ilikuwa mdundiko, ngoma ya Wazaramo ambayo haikai mahali pamoja, bali hutembea mitaani na watu wakiifuata. Tulisogeza baiskeli pembeni. Bibi mmoja aliyechoka kucheza alikaa karibu nasi, akatuambia kwamba kuna mwali anatolewa: binti aliyekwisha kufundwa, na sasa mtaa mzima unamfurahia. Najua si yote yanayofanyika katika ngoma hizi yanafaa kwa familia ya Kikristo. Lakini nilijiuliza: binti yangu mwenyewe amefundwa na nani? Sisi tumewaachia simu kazi hiyo. Bibi yule aliuliza jina la binti yangu, akasema, "Umsalimie, mwambie bibi yake wa Temeke anamwombea."

Chakula cha mchana kilikuwa kwenye kibanda cha mama lishe: wali wa nazi, samaki wa kukaanga, mchicha, na ukoko kwa anayeupenda. Kijana aliwaeleza wageni jina la zamani, mama ntilie, kwamba limetokana na sauti za wateja wenye njaa: mama, nitilie! Jina la mama lishe limekuja baadaye, nalo lina heshima zaidi. Mgeni yule aliyetuuliza tunakula wapi akasema, "Sasa nimejibiwa." Kwa jumla safari yetu haikufika kilomita 15. Miguu iliniuma siku tatu.

Nilirudi Tandale

Moyo uliniuma zaidi. Jumanne iliyofuata nilirudi peke yangu, saa ambayo wateja wamepungua. Nilipiga hodi. Akanipa kigoda.

Nilimwambia, "Dada, nimekuja kwa ajili ya siku ile. Nilikukosea. Naomba unisamehe."

Alinyamaza kitambo, akichambua mchele. Kisha akasema, "Sista, habari ya ugonjwa ulisema kweli. Hata jirani yangu alifariki. Lakini hukuniuliza. Ungeniuliza ningekuonyesha maji, ningekuonyesha sabuni, na sufuria ningelifunga mwenyewe." Alinieleza kwamba maharage yale aliyanunua kwa fedha za kibati, na zamu yake ya kulipa ilikuwa wiki ile ile. Alikopa kwa jirani. Ilimchukua miezi mingi kurudisha mtaji, na binti yake mkubwa alikaa nyumbani muhula mzima.

Sikuwa na la kumjibu. Nilitaka kumpa fedha, akakataa. "Usinilipe. Njoo siku moja uwafundishe wenzangu habari ya maji, lakini njoo ukae hivi hivi kwenye kigoda."

Nimekwenda mara nne sasa. Tunakaa, tunachambua mchele, tunazungumza. Yeye ni Mwislamu, mimi ni Mkristo, na sote ni mama. Wenzake sasa wananiuliza maswali ambayo hawakuwahi kuniuliza nikiwa nimevaa sare. Mimi pia nimejifunza kwao namna ya kulinda chakula pasipo jokofu wala maji ya bomba.

Ukitaka kwenda na familia yako

Mpendwa msomaji, si lazima usubiri wageni kutoka Ulaya. Tafuta kijana anayeijua mitaa na anayesalimia watu. Anza alfajiri. Vaa nguo isiyonaswa na mnyororo, beba maji, na barabara kuu zivuke kwa kushuka na kuisukuma baiskeli.

Kuhusu chakula, angalia mambo haya:
– Kiwe cha moto, kimetoka jikoni sasa hivi.
– Kiwe kimefunikwa, nzi wasikifikie.
– Pawepo maji yanayotiririka na sabuni ya kunawa.
– Matunda umenye mwenyewe. Kachumbari iache kama huna hakika na maji yaliyoioshea.
– Maji ya kunywa yawe yamechemshwa au ya chupa iliyofungwa.

Mtu akiharisha, mpe maji ya chumvi na sukari mara moja. Chukua lita 1 ya maji safi, vijiko vya chai 6 vya sukari na nusu kijiko cha chai cha chumvi, vijiko vyote viwe vya kusawazishwa, visijae mlima. Mtoto mchanga aendelee kunyonya. Kama kuharisha ni kwingi kama maji, au mgonjwa analegea, usingoje kesho, mpeleke hospitali huku ukiendelea kumnywesha.

Lakini kabla ya kuangalia sufuria la mwenzako, msalimie. Muulize amelalaje, na watoto hawajambo? Bwana wetu alipofika kisimani Samaria alianza kwa kumwomba yule mwanamke maji, ndipo akamfundisha. Mimi ilinibidi nipande baiskeli katika umri huu ili nijifunze kushuka.