Paja la Mama ni Asilimia Ngapi

Paja la kulia la Mama lina ripoti mbili. Daktari ambaye wakili wetu alitupeleka kwake aliandika ulemavu wa kudumu wa asilimia 15. Miezi minne baadaye kampuni ya bima ikamwita kwa daktari wake, ghorofa ya tatu, na lifti siku hiyo ilikuwa imeharibika. Alipanda ngazi na mkongojo, akapimwa dakika kumi hivi, na ripoti ikatoka: asilimia 5. Nilitaka kuuliza kama zile ngazi zilihesabiwa.

Ajali yenyewe ni fupi. Jogoo Road, alfajiri, Mama akiwahi Gikomba kuchagua kamera, yaani zile nguo za kwanza za belo kabla mikono mingine haijapita. Matatu ikaparamia lori lililosimama. Paja likatiwa chuma. Hii stori nyingine ndiyo ndefu, sasa imeingia mwaka wa tatu.

Wengi wetu tunadhani unaenda kwa kampuni ya bima, unaonyesha kovu, unalipwa. Zii. Bima si ya Mama, ni ya mwenye matatu. Kwa hivyo unamshtaki mwenye gari na dereva, na una miaka mitatu tu ya kufungua kesi. Sheria, ile Sura ya 405, inasema ukishinda kampuni ndiyo italipa, mradi ilipewa notisi kabla ya kesi kufunguliwa au muda mfupi baada ya hapo. Mwisho wake ni shilingi milioni 3 kwa mtu mmoja. Kinachozidi, mtafute mwenye gari. Na kampuni ikikataa kulipa hata baada ya hukumu? Unafungua kesi nyingine, sasa dhidi yake, kuomba korti iseme kwamba ile hukumu ya kwanza inaihusu. Wakili alipotueleza hivyo Mama alicheka, kicheko cha kweli, kama ameambiwa mzaha.

Mwaka 2013 Bunge lilibadilisha hiyo sheria na kuweka jedwali, kila kiungo na asilimia yake. Mahakama Kuu ikalitupa mwaka 2016. Nilifurahi kusoma hivyo, mpaka nikaelewa kinachofanyika badala yake: mawakili wanatafuta mapaja ya zamani. Kesi ya mtu fulani aliyevunjika hivi akapewa kiasi hiki. Wetu wanaleta waliolipwa vizuri, wao wanaleta waliolipwa kidogo, na Mama yuko mahali katikati.

Maumivu yana makadirio, lakini matumizi yanataka risiti. Risiti za hospitali tunazo, ziko kwenye mkebe wa Blue Band. Bodaboda wa kumpeleka kliniki hakuwa na risiti. Binti wa jirani aliyemwogesha miezi miwili alilipwa kwa M-Pesa, na wakili wao anauliza tutathibitishaje hiyo pesa ilikuwa ya kazi gani. Kuhusu biashara, Mama hajawahi kuwa na payslip maishani. Hapo angalau tuna nafuu: Mahakama ya Rufaa ilisema mwaka 2005 kwamba makaratasi si njia pekee ya kuthibitisha kipato cha mtu. Kwa hivyo wateja wake wawili wa Umoja wamekubali kuja kutoa ushahidi, ikiwa tarehe haitaahirishwa tena.

Sitasema kampuni za bima zinashuku watu bure. Kuna mabroka wanaozunguka vituo vya polisi wakitafuta abstrakti za ajali, na kuna watu wamelipwa kwa ajali ambazo hawakuwa ndani. Jamaa mmoja alimfuata Mama hadi wodini, chuma hakijakauka damu, akitaka asaini karatasi. Lakini ukishamwona mtu akipanda ngazi zile, sijui unashuku nini.

Nikasema nisomee hizi sheria mwenyewe. Niliacha chuo mwaka wa pili, karo ikiwa imeenda kwa huo mguu, na siku hizi naandika makala ya kulipwa "mwisho wa mwezi". Kungojea pesa nakujua. Kwa hivyo ofa ilipokuja niliitambua kabla sijaifungua: laki mbili na elfu ishirini, malipo ya mwisho, saini hapa, madai yote yamekwisha. Ilikuja Januari, wakati kila nyumba Eastlands ina shida. Laki mbili ni kodi ya zaidi ya mwaka mzima. Pia ni pungufu ya gharama ya kutoa kile chuma, ambacho daktari wetu amesema lazima kitolewe, na ukishasaini huwezi kurudi kudai hiyo operesheni.

Kungoja nako kuna hatari yake. Blue Shield ilikuwa na matatu tele kwenye vitabu vyake ilipowekwa chini ya msimamizi mwaka 2011, na waliokuwa na hukumu mkononi wakaambiwa wasubiri. Nilimweleza Mama hayo yote, nikichora kwa kalamu nyuma ya bahasha, huku ofa, huku kesi.

Aliniuliza kitu kimoja tu: "Huyo daktari wao, yeye hupanda hizo ngazi kila siku?"

Hajasaini. Kesi itatajwa tena mwezi ujao. Mwenye nyumba tumempa nusu.